Shimo la Ibbá

Siku ya theluji ndiyo siku Ravdna aliyoipenda kuliko zote za mwaka wa shule. Krismasi wapi! Hata siku ya kufunga shule, watoto wanaporuka kwa furaha na walimu wanapokaribia kulia kwa uchovu, haikuifikia. Kwa miaka kumi na sita aliiandaa yeye na baba yake, mzee Jovnna, kila mwezi wa pili, jua la kaskazini likisharudi baada ya majuma ya giza na kukaa angani saa za kueleweka. Asubuhi watoto walichimba theluji mpaka ardhini na kuipima kwa rula na vipimajoto. Hiyo ilikuwa kazi ya Ravdna. Mchana waliketi hemani kuuzunguka moto, wakatafuna nyama kavu, na mzee akawafundisha jina moja la theluji baada ya jingine, kama mama yake alivyomfundisha yeye. Baada ya hapo walimwagika mlimani na mbao zao za kutelezea mpaka kamasi zikawagandia puani.

Siku nzima baba na binti hawakuisha kutaniana. "Mwalimu wenu ana vipimo," mzee angewaambia watoto, "mimi nina vidole. Subirini muone nani atasema kweli." Na Ravdna angemjibu, "Vidole havina namba, baba." Watoto wakavunjika mbavu. Hao ndio walimu wawili wa theluji pale kijijini, na nikwambie, waliosoma kwao hawakusahau.

Mwaka huo, lakini, msimu uliingia vibaya. Novemba mvua ilinyesha juu ya theluji siku mbili mfululizo, kitu ambacho wazee walikuwa wakikiona mara moja kwa miaka ishirini na sasa kinakuja kinapojisikia. Kisha baridi ikakaza ghafla. Yale maji yaliyokuwa yamezama mpaka chini yakaganda palepale ardhini, yakayafungia ndani majani meupe ambayo kulungu wa kufuga huishi kwayo majira yote ya baridi. Barafu ya namna hiyo wanaiita bodneskárta, na neno hilo halitamkwi kwa mzaha nyumbani kwa mfugaji. Kulungu hufukua theluji kwa kwato, hata ikimfika kifuani, lakini barafu iliyoshikana na ardhi haifukui.

Nafuu ni kwamba haikuganda kila mahali. Kuna mabonde yaliyofungwa na miinuko iliyosalimika, na kazi ya kujua kipi ni kipi ilikuwa ya mzee Jovnna. Kundi lilikuwa la mwanawe, Heaika, mdogo wake Ravdna. Kulungu wangapi? Usiulize. Kwao kumuuliza mtu idadi ya mifugo yake ni sawa na kumtia mkono mfukoni. Tuseme tu walikuwa wa kutosha kuwalisha Heaika na mkewe na binti yao, Ibbá, na kumfanya Heaika atembee kifua mbele kanisani.

Mwishoni mwa Januari malisho ya kwanza yalikwisha. Zikabaki njia mbili: kwenda mwinuko wa Roavvi, mwendo wa siku moja kwa kundi, au kwenda msitu wa mashariki, mwendo wa siku nne kwenye theluji nene, na majike wana mimba. Jumamosi moja mzee alipanda Roavvi peke yake kwa pikipiki ya theluji, na fimbo yake. Alirudi jioni, akavua kofia, akanywa kahawa vikombe viwili kabla ya kufungua mdomo.

"Chini ni seaŋáš," alisema. "Wapelekeni Roavvi."

Seaŋáš ni ile theluji ya chini kabisa iliyokauka ikawa punjepunje kama chumvi ya mawe. Haishikani. Kwato hupita ndani yake bila taabu mpaka kwenye majani. Hakuna neno tamu kuliko hilo kwa mfugaji mwezi wa pili. Heaika alipumua kama mtu aliyetuliwa mzigo, akamkumbatia baba yake, akasema wangehama Ijumaa.

Na hapo ndipo mambo yalipoishia, maana katika ukoo wao msoma theluji akishasema, amesema. Hakuna anayechimba nyuma ya mzee. Ukichimba pale alipokwisha kuchomeka fimbo yake ni kama umemsimamisha mbele za watu ukamwambia amezeeka vibaya. Koo za ng'ambo ya ziwa walifanya wapendavyo. Wao walikuwa hivyo, tangu mababu, na desturi hiyo ilikuwa imewafikisha salama kwa miaka mingi.

Lakini Ravdna alikuwa na siri tumboni. Siku ya Krismasi alimwona baba yake akilishika birika la kahawa kwa mkono mtupu, birika lililokuwa likitokota jikoni, akalibeba mpaka mezani, akamimina, akaendelea kuongea. Ravdna ndiye aliyesikia harufu ya ngozi ikiungua. Miaka arobaini ya kushika usukani wa pikipiki ya theluji, ule mtetemo wake siku nenda siku rudi, ilikuwa imevimaliza vidole vya mzee. Vilikuwa vyeupe mpaka kwenye kifundo, vimekufa ganzi, havijui moto wala baridi.

"Tangu lini, baba?" alimuuliza huku akimfunga kitambaa.

"Tangu zamani kidogo."

"Heaika anajua?"

"Na hatajua. Sikiliza, binti yangu. Mama yako amekwenda. Mbwa wangu amekwenda. Kundi nimemwachia mdogo wako. Kimebaki kitu kimoja tu ambacho watu wanakuja kuniulizia mlangoni. Usininyang'anye."

Angefanyaje? Ni baba yake. Akaapa hatasema.

Siku mbili baada ya neno la Roavvi, mzee alimpigia simu shuleni. "Mwaka huu siku ya theluji tuifanyie Roavvi," alisema. "Alhamisi. Kabla kundi halijafika kukanyaga."

"Mbali, baba. Nina watoto saba na pikipiki mbili."

"Tutawaweka kwenye mikokoteni. Nataka wachimbe pale."

Ravdna alicheka, akasema haya, mkubwa ameamuru. Wala hakujiuliza zaidi.

Alhamisi ilikuwa ya jua na baridi kali. Kabla mkokoteni wa pili haujafika mwinukoni, Jussá, mtoto wa mwenye duka, alikuwa ameshaanguka mara mbili kwa kujifanya amekufa. Alikuwa na miaka tisa na mdomo wa miaka arobaini. Walipofika mzee alisimika hema kwa msaada wa mikono kumi na minne isiyo na msaada, moto ukawaka, na Ravdna akawagawia koleo.

"Kila mtu shimo lake, mpaka ardhini," alisema. "Hatumwamini mwalimu, tunaamini nini?"

"Shimo!" waliitikia.

"Shimo moja?"

"Mengi!"

Ndivyo alivyowafundisha miaka yote. Walichimba wakipiga kelele. Walipima joto la juu, nyuzi ishirini na nne chini ya sifuri, na la chini kabisa, nyuzi nne tu chini ya sifuri, na Jussá akatangaza kwamba theluji ina joto kuliko kitanda chake na kwamba yeye harudi nyumbani tena. Ravdna akawaeleza jinsi ardhi inavyopumua mvuke chini ya blanketi lile, na jinsi mvuke ule unavyozijenga upya chembe za theluji usiku na mchana mpaka zinakuwa punje. Akawapa lenzi wazitazame. "Haa, ina ngazi ndani!" alisema mtoto mmoja, na kweli, ukiitazama vizuri punje ya seaŋáš ina vingazi vidogo pembeni. Ravdna alifurahi. Alikuwa bado anafurahi alipoitwa.

"Shangazi!"

"Shuleni mimi ni mwalimu."

"Basi mwalimu shangazi, njoo haraka."

Alikuwa Ibbá, binti wa Heaika, miaka kumi, mtoto asiyecheka ovyo. Alikuwa amechimba kando ya wenzake, upande ule ambao fimbo ya mzee ilikuwa imeacha vitundu vyake Jumamosi. Shimo lilimfika kiunoni. Aligonga chini kwa koleo, na koleo likalia.

Ravdna aliinama. Kuelekea chini palikuwa na seaŋáš, kama mzee alivyosema, upana wa kiganja. Chini yake barafu. Barafu ngumu, safi, nene vidole vitatu, na ndani yake yale majani meupe yameshikwa, unayaona hivihivi, lakini hakuna mdomo utakaoyafikia.

Akajiambia labda ni hapo tu, labda maji yalituama. Akamwambia Ibbá asubiri, akajifanya anakwenda nyuma ya vichaka kujisaidia, na huko akachimba kama mwizi, pumzi juu, mpaka koleo likalia tena. Akasogea hatua hamsini, akachimba la tatu. Barafu. Wale watoto wengine walikuwa wamechimba kwenye ukingo ulioelekea upepo, mahali pembamba palipokauka. Roavvi yenyewe, ile sehemu pana kundi litakapokaa, ilikuwa imefungwa.

Aliporudi alikuta watoto wote wamelizunguka shimo la Ibbá, na mzee amepiga magoti. Amevua glovu. Mkono wake mweupe ulikuwa chini kabisa, unapapasa.

"Ardhi," mzee alisema. "Ardhi iliyoganda, na juu yake seaŋáš."

"Babu, ni barafu," alisema Ibbá.

"Wapi?"

"Hapo hapo unaposhika!"

Jussá hakuweza kujizuia. "Babu, tukuletee miwani? Au tukuletee mkono mwingine?"

Watoto wakaangua kicheko. Mzee naye alitabasamu, lakini uso ulikuwa umemwiva. Alinyanyua kichwa, akamtazama Ravdna. Alimtazama kwa muda mrefu.

"Ngoja, babu, nakuvunjia kipande ukione," alisema Ibbá, akainua koleo.

Hebu fikiria. Hapo ndipo palipotakiwa neno moja tu. Mwalimu wa theluji wa miaka kumi na sita, mashimo matatu kayaona kwa macho yake, kundi la mdogo wake linahama kesho yake. Na alichokiona Ravdna wakati ule hakikuwa kundi. Alimwona baba yake amepiga magoti mbele ya watoto saba wanaomcheka, mkono wake uliokufa uko wazi juani, na macho yake yanamtazama. Akadhani anaombwa huruma.

"Ibbá, acha," alisema. "Umechimba kwenye kidimbwi. Maji yalituama hapo tu. Fukia."

"Lakini mwalimu, si umesema shimo..."

"Nimesema fukia. Na tangu lini mtoto anachimba nyuma ya babu yake?"

Ibbá alimkodolea macho. Kisha akaanza kurudisha theluji shimoni, koleo baada ya koleo. Mzee aliinuka taratibu, akajipangusa magoti, akavaa glovu.

"Mwalimu amesema," alisema. "Basi. Nani anataka nyama?"

Hemani mzee aliongea vizuri kuliko miaka yote. Alisimulia mwaka ule mama yake alipowavusha ziwani kwa kuisikiliza theluji chini ya kwato, akaiga mlio wake, watoto wakamwomba arudie mara tatu. Ravdna hakuonja kitu. Alijiambia ataongea na Heaika jioni, wawili tu, bila kumtaja baba.

Alimkuta Heaika uani anakaza kamba za mkokoteni, anapiga mluzi.

"Roavvi umeipitia mwenyewe?" Ravdna alimuuliza.

"Baba ameipitia."

"Najua. Nasema wewe mwenyewe."

Heaika aliacha kamba. "Dada, unataka nichimbe nyuma ya baba?"

"Sijasema hivyo."

"Sasa unasemaje? Kuna kitu?"

Neno lilikuwa mdomoni. Hata ulimi ulikuwa umeshakaa mahali pake. Lakini akilisema, Heaika atauliza: baba ameshindwaje kuiona? Na jibu ni vidole, na vidole ni kiapo, na kesho yake kijiji kizima kitajua kwamba mzee Jovnna hafai tena.

"Hamna," alisema. "Nawatakia safari njema."

"Haya. Lala, umechoka, umekuwa na wale mashetani siku nzima," alisema Heaika kwa kumcheka, akaendelea na kamba zake.

Walihama Ijumaa. Wiki ya kwanza kulungu walifukua kingo, wakala kilichokuwepo. Wiki ya pili upepo ulivuma siku tano bila kupumzika, hakuna aliyeweza kwenda wala kurudi. Upepo ulipokatika Heaika alipanda, akakuta theluji ya Roavvi imepinduliwa mashimo mashimo, na kila shimo limeishia kwenye barafu yenye alama za kwato. Palikuwa na damu kwenye barafu. Walikuwa wamefukua mpaka kwato zikachubuka. Wengine walikuwa wamelala na hawakuinuka alipowaita.

Kuwapeleka msitu wa mashariki sasa haikuwezekana, hawakuwa na miguu ya siku nne. Aliwashusha waliokuwa wanatembea mpaka kwenye boma karibu na kijiji, na nyasi zikaletwa kwa malori kutoka kusini. Lo, yale malori yalivyoshangiliwa! Lakini tumbo la kulungu likikaa na njaa mno husahau kazi. Walikula nyasi kwa pupa, siku ya tatu wakaanza kuanguka na matumbo yamejaa. Wanakufa na nyasi mdomoni. Majike walitupa mimba zao ndani ya boma, vitu vidogo vyenye manyoya laini, na Heaika alivizoa asubuhi kabla Ibbá hajaamka. Ibbá aliamka mapema zaidi, akaviona.

Kijiji hakikumtukana mzee. Ingekuwa afadhali. Walimsalimia kwa heshima ileile, wakamuuliza hali ya afya, na hakuna aliyemuuliza tena habari ya theluji. Heaika alimpelekea chakula kila jioni, akakiweka mezani, akaondoka bila kuketi. Mzee alikuwa hajawahi kula peke yake tangu azaliwe.

Ravdna ndiye aliyekonda. Darasani alifundisha hesabu, akafundisha nyimbo, lakini theluji aliiruka. Ibbá alikaa dawati la nyuma na kumwita mwalimu, hata nyumbani. Hakuwa na kiburi. Alijibu akiulizwa, alifungua daftari akiambiwa. Kila alipomtazama, Ravdna alitamani ardhi ipasuke.

Jumapili moja ya mwezi wa tatu hakuweza tena. Alikwenda kwa baba yake baada ya kanisa, akamkuta ameketi dirishani, mikono juu ya magoti. Hakuvua hata koti.

"Baba, nimekuja kukutua mzigo," alisema. "Usijilaumu. Si wewe. Mimi nilijua."

"Ulijua nini?"

"Shimo la Ibbá halikuwa kidimbwi. Nilichimba mengine mawili. Yote barafu. Nilijua Roavvi imefungwa kabla hatujala ile nyama. Nilinyamaza kwa ajili yako."

Alitarajia kilio, au matusi, au labda, moyoni kabisa, kukumbatiwa. Mzee hakufanya hata kimoja.

"Unadhani kwa nini nilisema siku ya theluji ifanyike Roavvi?" mzee aliuliza.

Ravdna alivuta kiti, akaketi.

"Miaka kumi na sita tumeifanyia nyuma ya shule. Nikakwambia mwaka huu Roavvi. Mbali, baridi, watoto saba, pikipiki mbili. Hukujiuliza?" Sauti ya mzee ilikuwa ya taratibu, na hilo lilikuwa baya zaidi. "Nilirudi Jumamosi ile sijui. Fimbo imegonga kitu kigumu, na mimi sijui kama ni ardhi au ni barafu. Nimepapasa nusu saa nzima. Sijui! Nikafika nyumbani, Heaika ananitazama vile, nikasema seaŋáš. Nimesema uongo, Ravdna. Usiku ule sikulala. Nikawaza, mtu mzima hawezi kuchimba nyuma yangu. Lakini watoto wa shule wakichimba kwa ajili ya masomo, hakuna atakayeona haya. Wakipata barafu, mwalimu atasema kwa vipimo vyake, na mimi nitasema, eh, vipimo vimenishinda leo. Watanicheka siku mbili. Yakaisha."

"Baba..."

"Nilikutazama pale. Nimepiga magoti, nakutazama. Sikuwa na njia nyingine ya kukuuliza."

"Nilidhani unaomba nikusitiri."

"Nilikuwa nakuuliza ni barafu au si barafu. Na wewe ukanijibu kwamba ni kidimbwi." Mzee aliitazama mikono yake. "Nikakuamini. Nilifurahi, unajua? Nilirudi hemani nikasema kumbe vidole bado vimo. Nilisimulia hadithi zote zile kwa ile furaha."

Ravdna alilia, alilia kwa sauti, kilio cha mtu mzima kisichopendeza. Alipiga magoti mbele ya kiti cha baba yake akaushika ule mkono mweupe, akaubusu, na mzee hakuuondoa, ingawa hakuweza kuuhisi mdomo wa mwanawe.

"Sasa inuka," mzee alisema baada ya muda. "Mimi nitamwambia Heaika habari ya vidole, leo leo. Hilo ni langu. Wewe una la kwako. Kuna mtoto uliyemwambia ameona kitu ambacho si hicho alichokiona. Nenda."

Alikwenda kwa miguu, machozi yakimgandia shavuni. Bomani Ibbá alikuwa peke yake. Amevaa koti la baba yake, mikono imekunjwa mara tatu. Alikuwa anamlisha jike mmoja aliyelala, anaweka nyasi kidogo kidogo, unyasi mmoja mmoja, akisubiri atafune kabla ya kumpa mwingine. Wanyama waliobaki unaweza kuwahesabu kwa macho, na siku hizo hakuna aliyeona kuwa ni utovu wa adabu.

"Ibbá," alisema Ravdna. "Nimekuja kukwambia kitu. Siku ile Roavvi. Shimo lako lilikuwa sahihi. Haikuwa kidimbwi, ilikuwa barafu, kila mahali, na nilijua. Nilikudanganya mbele ya wenzako."

Mtoto hakugeuka. Alimpa jike unyasi mwingine, akangoja. Jike hakutafuna.

"Najua," alisema. "Niliigusa."

"Mbona hukumwambia baba yako?"

Hapo ndipo Ibbá alipogeuka. Hakuwa na hasira usoni. Alikuwa na uchovu tu, uchovu ambao mtoto wa miaka kumi hastahili kuwa nao.

"Nilimwambia," alisema. "Usiku uleule, kabla hawajahama. Akaniuliza, shangazi yako amesemaje? Nikamwambia amesema ni kidimbwi. Akasema, basi, kama Ravdna ameangalia, tulale."

Kisha alirudi kwa jike wake, akamwinua kichwa kwa mikono miwili, na akaanza kumwita kwa jina.